Jiwe Lenye Doa la Simenti

Vijana wangu, tuanze na viatu. Mtu akija kupanda kombi pale Newtown alfajiri amevaa viatu vya kanisani, mwambieni arudi nyumbani akabadilishe, hata kama ni mchungaji. Niliwahi kumwonea haya mchungaji mmoja nikamwacha apande na viatu vyake vyeusi vinavyong'aa, na kule mlimani Zimbabwe Kuu, kwenye ngazi za mawe, ilinibidi nimshushe kwa kumbeba mgongoni. Yeye hakunisamehe, na mgongo wangu nao haukunisamehe mpaka leo.

La pili, hesabuni vichwa. Msiulize, "Tuko wote?" Aliyeachwa hawezi kujibu. Nilimwacha mama mmoja kwenye kituo cha mafuta Polokwane kwa sababu niliuliza hivyo na kombi nzima ikaitika, "Sharp!" Tulikuwa tumeshakwenda nusu saa ndipo jirani yake alipogundua kwamba mkoba anaouegemea hauna mwenyewe. Tuliporudi tulimkuta ameketi juu ya kreti ya soda, ametulia, anakula chipsi. Alinitazama akasema, "Papa, ungefika mpakani ungenikumbuka?"

Naitwa Papa Kasongo. Nilizaliwa Kalemie, kando ya ziwa, nikaja Johannesburg nikiwa bado na nywele. Nilianza kazi hii kama dereva tu, nikaja kuwa mwongozaji, na kwa miaka ishirini na miwili nimewapeleka watu kuona magofu ya kale. Ni safari ya siku tano. Siku ya kwanza Mapungubwe, ya pili kuvuka mpaka Beitbridge na kulala Masvingo, ya tatu kutwa nzima ndani ya kuta za Zimbabwe Kuu, ya nne kurudia yale ambayo watu hawakuyaelewa jana, na ya tano nyumbani. Sasa magoti yamegoma, na ninyi mnachukua usukani. Mmeniomba niwaandikie ninachokijua. Naandika kwa Kiswahili, ingawa wajukuu wangu hapa Bertrams nikiwaita kwa Kiswahili wananijibu kwa Kizulu.

Mengi mtayajua wenyewe. Kila mtu hujifunza mahali pa kusimama ili jua lisimchome mgeni machoni, na namna ya kumwambia tajiri kwamba ukuta haupandwi. Siku hizi mambo yamebadilika pia. Mimi nilikuwa nikitembea na bahasha ya picha zilizochakaa. Ninyi mna simu. Ukisema uongo pale ukutani, mgeni anauangalia kwenye simu yake na kukusahihisha kabla hujafunga mdomo. Enzi yangu uongo ulikuwa na nafasi ya kutembea, na nataka niwaeleze wangu ulifika wapi, kwa sababu mtapita mbele yake kila safari.

Zimbabwe Kuu kuna boma moja kubwa la mviringo ambalo wazungu wa zamani waliliita Hekalu. Walilipa jina hilo kwa kuwa hawakutaka kuamini kwamba watu weusi walilijenga. Wakasema ni kazi ya Malkia wa Sheba, wengine wakasema Mfalme Sulemani alitoa dhahabu yake hapo. Mwongozaji mzee niliyemwendesha nilipokuwa dereva, mtu wa kofia pana na sauti ya radio, aliwasimulia wageni hadithi hiyo kila mara. Niliona jinsi walivyosisimka. Nikaihifadhi kichwani kama mtu anavyohifadhi ufunguo ambao hajui utafungua mlango gani.

Aliyenifundisha ukweli ni Sekuru Gumbo. Sekuru kwao ni babu, nasi sote tulimwita hivyo. Alikuwa fundi wa kuta, kazi yake kuzikagua na kuzirudisha pale zinapolegea. Tulizungumza Kiingereza chetu cha kuungaunga, kwa hiyo maneno yake nayaandika hapa kwa Kiswahili. Alikuwa mtu mkavu, hapendi soga, na ukimsalimia akiwa anapima ukuta hakujibu mpaka amalize. Kabla ya kuingia bomani alichuchumaa akapiga makofi polepole, viganja vimekunjwa kidogo, akiomba ruhusa kwa wenyewe. Mara ya kwanza nilicheka. Hakunikemea. Alinipa mgongo, akaingia peke yake, na mimi na wageni wangu tukasubiri nje juani mpaka nilipochuchumaa na mimi.

Ndiye aliyenionyesha jinsi mwamba wa granaiti unavyobanduka tabaka kwa tabaka, na jinsi watu wa kale walivyouwashia moto na kuumwagia maji ili upasuke sawasawa. Alinifundisha kuweka kiganja karibu na ukuta bila kuugusa, kutazama mistari ya mawe, na kutambua mahali palipoanza kuvimba. "Hakuna udongo katikati, hakuna chokaa," aliniambia. "Kila jiwe linakaa kwa sababu mwenzake amekaa. Babu zangu walijua hilo. Hawakufundishwa na malkia wa mtu yeyote."

Kwa hiyo nilijua. Hapo msinitetee. Wageni wa Ulaya niliwaambia ukweli, tena kwa kiburi. Uongo niliwawekea watu wetu.

Ilianza na kundi la kanisa moja la Wakongomani wa Doornfontein. Walikuwa wamechoka, mvua imewanyeshea Mapungubwe, na nilipowaambia habari za wafalme wa Washona waliojenga kuta zile waliitikia kwa adabu tu, kama watu wanaosikiliza matangazo ya msiba wasioujua. Nikaona safari inanifia mikononi. Basi nikautoa ule ufunguo. Nikasema, "Lakini wapo wanaosema hili ni hekalu la Sulemani." Nilianza na "wapo wanaosema." Kabla ya jioni nilikuwa nimeyaacha maneno hayo njiani. Mama zetu walilia. Waliimba ndani ya zile kuta mpaka nywele zikanisimama. Waliporudi wakawasimulia wengine, na kila mwaka makanisa yakawa yananitafuta mimi, Papa Kasongo wa Hekalu. Niliipenda sifa ile, nasema wazi. Katika mji ambao mlinzi wa mlango aliniita "wewe" miaka yote, watu wazima walikuwa wakisimama nikiingia.

Sekuru Gumbo hakujua Kiswahili. Alisikia nyimbo, akaona watu wanalia, akadhani nimewafikishia habari za babu zake. Siku moja aliniambia, "Watu wako wanaheshimu." Nilitazama chini.

Sasa nifike kwenye safari yenyewe. Ilikuwa miezi miwili kabla ya Sekuru Gumbo kustaafu. Alikuwa ameniambia jambo moja analotaka: siku ya mwisho apite kuta zote na daftari lake, kila jiwe liwe mahali alipolikuta, kisha amkabidhi fundi anayemfuata. Miaka yake yote ya kazi hakuwahi kupoteza jiwe. Alilisema hilo bila kujisifu, kama mtu anayetaja idadi ya watoto wake.

Nilikuja na kanisa la Pasteur Élie. Miongoni mwao alikuwa Maman Vumilia, fundi cherehani, mjane mzee kidogo kuliko mimi, ambaye mnamfahamu kwa mashati ya vitenge. Mchana wa siku ya nne Pasteur aliomba wapewe nafasi ya kusali peke yao ndani ya ile njia nyembamba kati ya kuta mbili. Utaratibu ni kwamba mfanyakazi wa zamu hawaachi watu peke yao pale. Zamu ilikuwa ya Sekuru Gumbo. Nikamwendea, nikamwambia, "Sekuru, hawa nawajua. Niamini." Alinitazama kidogo, kisha akatoka nje, akakaa akiupa mlango mgongo ili wasali kwa uhuru.

Kesho yake, kwenye kombi, Maman Vumilia alipakata kifurushi cha kitenge. Alikishika kwa mikono miwili tangu Masvingo. Tulipokaribia mpaka nikamuuliza kupitia kioo, "Maman, umebeba nini hapo?"

"Baraka, Papa."

"Baraka yenyewe inaliwa?"

"Hapana, hii haiko ya kula."

Kombi nzima ikacheka, na mimi nikacheka. Sikumwambia afungue. Nakumbuka hata nilipunguza mwendo kwenye matuta ili asisumbuke nayo.

Jumanne simu ikalia. Sekuru Gumbo hakuwa mtu wa salamu ndefu, lakini siku hiyo hakusalimu kabisa. "Njia nyembamba, mkono wa kulia, mstari wa nne. Jiwe moja halipo." Akaendelea, "Nimeweka vijiwe vidogo vishike mzigo. Nimeandika kwenye daftari kwamba zamu ilikuwa yangu na mimi ndiye niliyetoka nje. Sikuandika jina lako. Wewe hukuwa kazini pale, mimi ndiye niliyekuwa kazini." Kisha akakata simu.

Nilijisikia vibaya kuliko kama angenitukana. Nilikaa jikoni, chai ikapoa, nikaona kwamba mtu aliyenipa heshima ya kazi yangu atamaliza yake akiwa na pengo ukutani, na pengo hilo nimelichimba mimi kwa mdomo.

Jumapili nikaenda Doornfontein. Kanisa lile lilikuwa juu ya karakana ya kunyoosha mabati ya magari. Mkisali mlisikia nyundo chini. Mpango wangu ulikuwa wa mtu mwoga. Nilitaka nimvute Pasteur pembeni baada ya ibada, nimwambie ofisi za kule zimelidai jiwe, nilichukue na kunyamaza. Lakini nilipoingia nikaliona. Walikuwa wamejenga madhabahu mpya ya matofali, na mbele kabisa, ndani ya simenti, wamelikaza jiwe. Uso wake uliopigwa jua na mvua tangu enzi za babu waliuona mchafu, wakaulaza chini kwenye simenti, na upande wa ndani, mweupe zaidi, ndio wakauelekeza kwa watu. Walikuwa wanapita mmoja mmoja, wanaligusa.

Pasteur Élie aliponiona akapaza sauti. "Bwana asifiwe! Papa Kasongo wa Hekalu ndiye huyu! Njoo, Papa, uwaambie watu jiwe hili limetoka wapi."

Nikasimama mbele. Watu kama themanini, wengi wao nimewahi kuwapeleka, wananitazama kwa furaha. Wahenga walisema njia ya mwongo ni fupi. Yangu ilikuwa na kilomita zaidi ya mia nane na mpaka katikati, na ilikuja kuniishia pale, mbele ya kipaza sauti kinacholia mluzi.

Nikasema, "Ndugu zangu, Sulemani hakufika pale. Niliwadanganya. Jiwe hili lina mwenyewe, na kuna mzee anayebeba lawama yangu kwa ajili yake."

Chini nyundo zikaendelea. Pasteur akasema kwa sauti ndogo, "Mon Dieu, Papa Kasongo." Kisha Maman Vumilia akainuka kutoka safu ya pili.

"Kama haikuwa Sulemani, ni nani alijenga?"

"Watu wa pale pale, Maman. Watu weusi kama sisi. Wachonga mawe, wafugaji wa ng'ombe, wafanya biashara ya dhahabu."

"Na weye ulijua?"

"Nilijua."

"Tangu mbele?"

"Tangu mwanzo."

Akatikisa kichwa. Hakuwa na hasira, na hilo ndilo lililonivunja. "Mimi nilikuwa nalia pale nikisema, tazama, wageni walipita Afrika wakatuachia kitu kizuri. Kumbe kilikuwa chetu. Ulitunyima babu zetu, Papa, ukatupatia ya watu wengine. Na miye nikaiba kwa mkono wangu, nikijua nachukua ya Baba yangu."

Nililia mbele ya kanisa zima. Sioni haya kuwaambia. Watu wengine walitoka. Wawili watatu hawajanisalimu mpaka leo, nikikutana nao kwenye robot, zile taa za barabarani, wanajifanya wanatazama magari. Pasteur Élie alikaa kwenye kiti chake kitambo, mikono usoni. Kisha akavua koti, akashuka ngazi, akarudi na nyundo na tindo alizoazima karakana. "Madhabahu ya Mungu haikai juu ya kitu cha wizi," akasema, akapiga magoti akaanza kuvunja. Ilimchukua muda mrefu, maana walikuwa wamechanganya simenti vizuri.

Juma lililofuata tulikwenda watatu, mimi, Pasteur na Maman Vumilia. Yeye alilipakata tena, safari hii bila kitenge. Mpakani nikamwambia afisa ukweli wote kabla hajauliza. Akanitazama, akatazama jiwe, akasema, "Eish, mzee. Watu wanavuka hapa na friji."

Sekuru Gumbo alitungoja langoni. Maman Vumilia akachuchumaa kama nilivyomwelekeza, akapiga makofi, kisha akamkabidhi jiwe kwa mikono miwili na kusema, "Babu, nisamehe." Nikatafsiri. Halafu nikamweleza yangu, hadithi ya Sulemani na miaka yote niliyomwacha aamini kwamba watu wangu wanawalilia babu zake. Alisikiliza bila kunitazama. Alikuwa analigeuza jiwe mikononi, na kidole chake kilisimama mahali simenti ilipong'ang'ania uso wa kale.

"Ukuta huu haujawahi kula simenti," akasema.

Nikadhani ataibandua mwenyewe, maana mkono wake ulikuwa mwepesi kuliko wa mtu yeyote niliyemjua. Badala yake akanipa tindo ndogo na jiwe la kugongea. "Toa. Polepole. Ukilivunja, hakuna lingine."

Nilikaa chini nikaanza. Vijana, sijawahi kufanya kazi ngumu kama ile. Simenti inatoka kwa chembe, na kila ukigonga unaogopa. Pasteur alisali. Maman Vumilia alikaa kando yangu, akipuliza vumbi kila nilipopumzika. Baada ya saa nzima akasema, "Hata kwenye nguo ni hivyo, Papa. Kufumua kunachosha kuliko kushona." Ndiyo maneno ya kwanza aliyonisemesha tangu kanisani, nami niliyapokea kama chakula.

Ilifika adhuhuri. Simenti yote ilikuwa imetoka isipokuwa doa moja upana wa kiganja cha mtoto, lililokuwa limeingia kwenye chembechembe za jiwe. Nilijaribu. Sekuru Gumbo akanishika mkono. "Basi. Ukiendelea utaumiza."

Tukaingia njia nyembamba. Akaondoa vijiwe vyake kimoja kimoja, akapangusa pengo kwa vidole, kisha akasimama na jiwe mikononi akanigeukia.

"Nikiligeuza, uso huu utakwenda ndani, doa halitaonekana. Daftari langu litakuwa safi, na hakuna atakayejua isipokuwa sisi. Nikiliweka lilivyokuwa, doa litakaa nje. Mimi naondoka. Wewe ndiye utakayepita hapa kila safari. Sema."

Nitawaambia kilichopita moyoni mwangu, kwa sababu kitapita moyoni mwenu pia siku yenu ikifika. Nilitaka ligeuzwe. Nilitaka kwa nguvu zote. Nilimtazama Maman Vumilia anisaidie, naye akaangalia pembeni.

"Nje," nikasema.

Akalisukuma mahali pake, likaingia kwa sauti ndogo kama droo inayofungwa. Akachuchumaa akapiga makofi, nasi tukapiga. Akafungua daftari akaandika. Nikamwuliza ameandika nini. Akanisomea: "Jiwe limerudi. Lina doa. Aliyelirudisha anaeleza."

Ndiyo kazi aliyoniachia, na nimeifanya kila safari tangu hapo. Makanisa mengi yaliacha kunitafuta. Wengine walirudi, wakiwa na watoto wao. Maman Vumilia alikuja mara mbili zaidi, na mara ya mwisho alisimama yeye mbele ya kundi akaeleza, kwa Kiswahili chake, vizuri kuliko mimi.

Sasa ni zamu yenu. Mkiingia ile njia nyembamba, wapigisheni watu makofi kwanza. Mkono wa kulia, mstari wa nne. Doa ni la kijivu, mvua imelififisha lakini lipo. Msiliguse. Atakayeuliza ni nini, mwambieni jina langu na nilichofanya, msinipunguzie. Kisha waambieni nani alijenga.